Treni ya moshi "MBEYA": huyu mchoraji aliiona wapi wakati TAZARA imeanza na dizeli?

#1 Kijana wa Sokomatola
Kamwene wakuu. Kuna gesti moja ya zamani hapa mjini Mbeya (jina nahifadhi), pale mapokezi pana mchoro mkubwa umepigwa rangi ya mafuta juu ya hadibodi, upana unazidi mita moja. Kichwa cha treni ya moshi kinakuja uso kwa uso na wewe unayeangalia, cheusi tii, mbele kina boriti nyekundu, moshi mweupe umelalia kushoto kama siku ya upepo, zile fito za chuma za pembeni ya magurudumu zinang'aa mpaka unahisi zimepakwa grisi jana. Pembeni kina mama na beseni za ndizi na viazi, kuna katoto kameziba masikio. Nyuma mlima. Chini kulia pameandikwa MBEYA kwa herufi kubwa. Sahihi ya mchoraji imeliwa na unyevu, haisomeki.

Sasa mimi nimezaliwa hapa hapa na ninavyojua reli Mbeya imeletwa na TAZARA (reli ya Tanzania na Zambia), na TAZARA toka siku ya kwanza ni dizeli. Huyu fundi aliona wapi treni ya moshi Mbeya? Mwenye gesti kairithi nyumba na mchoro wake, hajui chochote. Nimekaa nao huu mchoro kichwani wiki nzima, wajuvi nisaidieni.

#2 Msafwa Halisi
Picha mkuu. Uzi bila picha ni chai.

#3 Binti Vwawa
Ngoja waje wenye reli yao.

#4 Kijana wa Sokomatola
Nimetupia mbili hapo, moja ya mchoro mzima na moja ya karibu. Taa ya pale mapokezi inapiga kioo mnivumilie.

#5 Mzee wa Mataruma
Nimefanya kazi reli mpaka nimestaafu kwahiyo ngoja niweke msingi kwanza ndio mbishane. Ujenzi wa TAZARA ulianza 1970, reli ikakamilika 1975, makabidhiano rasmi Julai 1976. Ni kilomita 1,860 kutoka Dar mpaka New Kapiri Mposhi kule Zambia. Vichwa vya mwanzo vyote ni dizeli za Mchina, DFH1 zenye nguvu farasi 1,000 na DFH2 zenye nguvu farasi 2,000. Baadae miaka ya 80 ndio zikaja za muundo wa Kimarekani, U30C, nazo dizeli. Mvuke haujawahi kuwa kwenye huduma ya reli yetu. Kijana wa Sokomatola uko sahihi.

Halafu tazameni chini ya kichwa kwenye ile picha ya pili. Mataruma (vile vipande vinavyolazwa chini ya reli) ameyachora ya mbao, kahawia, yamechanika chanika nchani. Yetu ni ya zege, yalifyatuliwa Mang'ula. Mtu aliyekaa kwenye tuta la TAZARA akachora hawezi kuchora mbao. Huyu alikuwa anaangalia reli nyingine.

#6 Msafwa Halisi
Shikamoo mzee. Ila babu yangu alikuwa kibarua kwenye ujenzi upande wa Chimala na mpaka anafariki alikuwa anasema aliona moshi wa treni unapanda juu kama moto wa mbuga. Mchina alileta mitambo mingi ya kujengea, hamuwezi kusema hakuna hata mmoja wa mvuke.

#7 Mzee wa Mataruma
Marahaba. Moshi aliuona na mimi naamini, maana dizeli ikiwa na mzigo mzito inatema moshi mweusi hasa. Nenda kipande cha Mlimba kupanda Makambako, pale ni mahandaki na madaraja na mlima mfululizo, DFH2 zilikuwa zinahangaika kweli kweli, ukiwa bondeni unaona moshi kabla hujasikia mlio. Lakini ule ni moshi wa dizeli. Kwenye mchoro huu moshi ni mweupe na kuna mvuke mwingine unatoka chini pembeni ya magurudumu ya mbele, hapo kwenye silinda. Huo ni mvuke halisi, aliyechora anaujua.

#8 Dada wa Makambako
Mzee wa Mataruma umenikumbusha mbali, sisi watoto wa Makambako tulikuwa tunajua treni imetokea Mlimba kwa mlio tu, ikishatulia ujue mlima umeisha. Ila mimi nakubaliana na Msafwa kidogo, wazee wetu hawawezi wote kuwa wanasema uongo.

#9 Mnyaki wa Tukuyu
Nyie mnaenda mbali, jibu liko jirani. Wakati wa Shirika la Reli la Afrika Mashariki kulikuwa na vichwa vya mvuke vikubwa mno, daraja la 59 (yaani klasi, sio daraja la mtoni), vilitengenezwa na Beyer Peacock kule Manchester 1955 na 1956, jumla 34, kila kimoja kina tani kama 250, ndio vilikuwa vikubwa kuliko vyote duniani kwenye reli ya upana wa mita moja. Vyote vilipewa majina ya milima ya Afrika Mashariki. Na humo ndani kulikuwa na kichwa kinaitwa MOUNT MBEYA na kingine MOUNT RUNGWE!! Kibao cha jina kimebandikwa ubavuni.

Kwahiyo mchoraji hakuandika jina la mji pale chini, aliandika jina la kichwa. Uzi umeisha, ndaga fijo.

#10 Binti Vwawa
Duh 😳 kumbe Rungwe ilikuwa inakimbia kwenye reli na sisi tuko huku hatujui?

#11 Mzee wa Mataruma
Mnyaki hapo kwenye majina umesema kweli tupu. Lakini usifunge uzi. Hivyo vichwa kazi yake ilikuwa Mombasa kwenda Nairobi, na vilikuwa vinachoma mafuta mazito. Havikufika Mbeya na visingeweza, reli yao ni milimita 1,000 na yetu ni 1,067. Mpaka leo mzigo wa Reli ya Kati na wa TAZARA unahamishwa pale Kidatu, behewa la huku halipandi kule.

Pili, daraja la 59 ni Garratt. Kichwa cha namna hiyo boila liko katikati limening'inizwa, mbele kuna tangi la maji linatangulia na nyuma kuna lingine, magurudumu yako mafungu mawili. Ukikiangalia kwa mbele unaona tangi kwanza, bomba la moshi liko nyuma ya tangi. Kijana nenda katuangalizie bomba liko wapi.

#12 Kijana wa Sokomatola
Sawa mzee jioni napita pale.

#13 Bibi Kihesa
Habari zenu wanangu. Mimi naandika kutoka Iringa. Huku kwetu reli haijafika mjini mpaka leo lakini mkija mtawasikia wazee wanasema "nilifanya kazi Relwe Iringa", "nilisafiri na Relwe kwenda Mbeya". Baba yangu mdogo alikuwa mmoja wao. Walikuwa ni watu wa mabasi na malori, shirika la reli lilikuwa na huduma ya barabara, abiria anashuka treni Dodoma anapanda basi la Relwe kuja Iringa na kuendelea mpaka Mbeya, na njia nyingine ilitokea Itigi. Kofia zao na vifungo vya koti vilikuwa vya reli kabisa. Kwahiyo inawezekana mchoraji alisimuliwa tu na mzee wa Relwe wa Mbeya, mzee akataja Relwe, kijana akachora treni.

#14 Dada wa Makambako
Shikamoo bibi. Hii ya bibi imenigusa kuliko zote. Ila bibi Iringa reli mnayo, si Makambako?

#15 Bibi Kihesa
Marahaba mwanangu. Makambako iko mkoa wa Njombe tangu 2012, mmetuachia mji na baridi yake.

#16 Dada wa Makambako
😂😂 hapo umenipata bibi

#17 Mpiga Brashi Mafinga
Wakuu mimi ni mchoraji, naishi kwa brashi, kwahiyo niongee kwa upande wa kazi. Nyote mnatafuta treni iliyopita mahali fulani. Mchoraji hahitaji treni ipite. Kuna mtu alikuja na hela akasema nichoree treni Mbeya niweke ukutani kwangu, fundi akachukua kalenda au kitabu cha shule, akatoa kichwa hapo, akaweka mlima aliozaliwa nao, kina mama wa sokoni akawaweka anaowaona kila siku. Angalieni zile beseni, ndizi zimechorwa moja moja, kuna yenye madoa ya kuiva. Mtoto aliyeziba masikio ni wa kweli, mkono wa kushoto umefunika sikio vibaya vidole vimeachana, hiyo ameiona kwa macho. Lakini kichwa cha treni bolti zake zimelingana mno, kila moja na kivuli kile kile, hiyo inatoka kwenye picha iliyochapishwa.

Na kwanini moshi na sio dizeli, hilo nalijua vizuri. Nimewahi kuchorea watu dizeli, hawanunui. Dizeli imeficha mashine yake yote ndani ya bati, wewe mchoraji unabaki na ukuta na madirisha mawili. Ya mvuke mashine iko nje, fito zinazungusha magurudumu unaziona, moto unauona, mvuke unautumia kuficha pale ambapo mchoro umekushinda, na siku ya baridi kama za Juni huku kwetu ule mvuke unaganda mweupe mnene. Kule kwenye joto kavu unapotea haraka hata hauonekani vizuri. Sasa tazama mchoro, mvuke ni mnene umelala. Huyo jamaa alichora hewa ya Mbeya. Hiyo ndio sababu mimi naamini ni mtu wa huku huku.

#18 Mnyaki wa Tukuyu
Mpiga Brashi umeongea lakini umetuondolea utamu. Kalenda?? Mchoro kama ule utoke kwenye kalenda?

#19 Mpiga Brashi Mafinga
Ndugu yangu kalenda imelisha wachoraji wengi nchi hii. Hakuna aibu.

#20 Mwalimu Tosamaganga
Nimefurahia sana uzi huu. Niongezee kwenye hilo la wachoraji wa treni maana ni jambo kubwa kuliko watu wanavyodhani. Turner wa Uingereza alichora treni ya mvuke kwenye mvua mwaka 1844, na mbele ya treni kuna sungura anakimbia juu ya reli, mdogo kiasi kwamba usipotafuta humuoni. Monet wa Ufaransa 1877 alikwenda kukaa stesheni ya Saint-Lazare pale Paris akachora moshi tu, picha baada ya picha. Halafu kuna Terence Cuneo, yeye treni ndio zilimpa jina, na alikuwa na desturi ya kuficha panya mdogo ndani ya michoro yake, watu wananunua halafu wanaanza kutafuta panya.

Lakini anayetuhusu sisi ni David Shepherd, amefariki 2017. Wengi wanamjua kwa tembo. Akiwa kijana alikuja Kenya akitaka kazi ya kulinda wanyama akakataliwa, akarudi kwao akasomea uchoraji. Mwaka 1960 alikuta pundamilia 255 wamekufa kwenye kisima kilichotiwa sumu hapa hapa Tanganyika, ndio akaamua maisha yake yatumike kutetea wanyama. Na huyo huyo alikuwa mgonjwa wa treni za mvuke, 1967 Waingereza walipokuwa wanaziondoa yeye akanunua vichwa viwili vizima, vya kweli sio vya kuchora, kimoja akakiita Black Prince. Alichora akauza michoro ikapatikana helikopta ya kupambana na majangili Zambia, na Mzee Kaunda akamshukuru kwa kumpa kichwa cha mvuke cha zamani kilichokuwa kikibeba magogo reli ya Mulobezi, kikasafirishwa mpaka Uingereza miaka ya 70.

Kwahiyo Kijana, ukienda jioni tafuta na panya.

#21 Binti Vwawa
Mwalimu nimesoma mara mbili. Rais anampa mchoraji kichwa cha treni kama zawadi, aisee.

#22 Mpakani Tunduma
Mwalimu amegusa Zambia na mimi ndio nilikuwa nasubiri hapo. Hamjaangalia rangi. Vichwa vya Afrika Mashariki hao kina Mount Mbeya vilipakwa maruni. Huyu wa kwenye mchoro ni mweusi, boriti ya mbele nyekundu. Za Zambia nyingi zilikuwa nyeusi. Na upana wa reli ya Zambia ni 1,067 sawa na TAZARA, hakuna kuhamisha mzigo, ulikuwa unapanda hapa Tunduma unashuka Kapiri unachukua nyingine mpaka Livingstone. Livingstone kuna makumbusho ya reli na treni ya mvuke ya watalii ipo mpaka sasa. Mtu wa Mbeya kwenda Zambia ni kawaida, wangapi wana shangazi Kitwe? Mchoraji alikwenda, akaona, akarudi kuchora kwao.

Tena hata mataruma ya mbao aliyosema Mzee wa Mataruma #5 yanakubali hapo.

#23 Mzee wa Mataruma
Hiyo ina uzito. Sibishi.

#24 Msafwa Halisi
Mzee kwa Mpakani hubishi ila kwa babu yangu ulibisha 😂

#25 Kijana wa Sokomatola
Nimetoka pale sasa hivi. Majibu:

Bomba la moshi liko mbele kabisa, hakuna tangi linalotangulia. Boila ni moja ndefu inaanzia mbele. Kwahiyo kwa maelezo ya mzee sio Garratt.

Ubavuni kuna kibao chekundu chembamba na madoa meupe ndani yake kama herufi, nimewasha tochi ya simu, yanaweza kuwa maneno mawili lakini hayasomeki.

Jengo la stesheni liko nyuma upande wa kulia, dogo, paa la vigae vyekundu na baraza yenye matao.

Panya hakuna. Kuna kuku, yuko katikati ya reli kabisa, dada wa mapokezi amefanya kazi pale miaka yote hajawahi kumuona mpaka leo nilipomuonyesha, amecheka sana.

#26 Mwalimu Tosamaganga
Kuku!! Nimefurahi mno.

#27 Mnyaki wa Tukuyu
Maneno mawili kwenye kibao chekundu = MOUNT MBEYA. Mchoraji kasikia jina, hakujua umbo, akachora kichwa cha kawaida. Narudia uzi umeisha.

#28 Fundi Cherehani Mwanjelwa
Stesheni ya Mbeya haina vigae wala matao, ni jengo kubwa la Mchina la zege, nguzo ndefu, ukumbi mpana hadi sauti inarudi. Matao na vigae ni Mjerumani. Reli ya Kati aliijenga yeye, ilianza Dar 1905 ikafika Kigoma 1914, na majengo ya namna hiyo yako njia nzima. Mimi nimeishi Tabora nikiwa mdogo, baba alihamishiwa huko. Treni za mvuke tuliziona kabisa, zinapiga shanti (kupanga mabehewa), na nakumbuka jivu linaangukia nguo kwenye kamba mama anagomba. Mchoraji ni mtu wa Mbeya aliyefanya kazi au kusoma Tabora au Dodoma. Kuku ni wa Tabora huyo 😄

Na Mnyaki, reli wakati ule walikuwa wanaweka pia majina ya makabila kwenye vichwa, sio milima tu. Kile kilichopo makumbusho Nairobi kinaitwa Nyaturu, watu wa Singida. Maneno mawili yanaweza kuwa chochote.

#29 Mpakani Tunduma
Fundi Cherehani Reli ya Kati mataruma yake mengi ni ya chuma, sio mbao. Jibu hilo.

#30 Fundi Cherehani Mwanjelwa
Mengi, sio yote. Kwenye madaraja na njia panda za stesheni mbao zilikuwepo.

#31 Mzee wa Mataruma
Kweli, kwenye masuichi mbao ndio ilikuwa inakaa vizuri.

#32 Mlima Nyota
Nimechelewa. Mmesahau treni ya watalii ya Rovos kutoka Cape Town mpaka Dar, toka 1993 inapita TAZARA, inakatiza hapa hapa Mbeya. Mabehewa ya kizamani ya kijani, madirisha ya mbao ndani kuna vitanda na meza zimetandikwa. Huku kwetu inavutwa na dizeli lakini ukiona yale mabehewa akili yenyewe inaongezea kichwa cha mvuke mbele. Kijana mabehewa kwenye mchoro ni rangi gani?

#33 Kijana wa Sokomatola
Yanaonekana mawili tu, yamefunikwa na mvuke. Kijani kibichi kilichopauka au kijivu, kwenye ile taa siwezi kuapa.

#34 Mlima Nyota
Kijani. Asante.

#35 Dada wa Makambako
Jamani mpaka sasa tuna Zambia, Tabora, Mombasa, kalenda, Relwe ya bibi, babu wa Msafwa na watalii. Kila mtu anavuta behewa lake. Mimi nauliza kitu kingine, kwanini hatuna mchoro hata mmoja wa treni YETU? Daraja la Mpanga lile, nguzo zinasimama kama mita 50 kutoka mtoni, treni juu yake inaonekana ndogo, halafu unaingia handakini giza, unatoka mashamba ya mpunga ya Mlimba. Hiyo ndio Mbeya-Dar ya kweli. Nimepanda nikiwa na mwanangu mgongoni, alfajiri unaamka uko kwenye mbuga twiga anakuangalia dirishani. Kwanini tukachore ya Mwingereza?

#36 Mpiga Brashi Mafinga
Dada swali lako zito. Sehemu ya jibu nimeshatoa #17, mteja. Lakini kuna na sisi wachoraji, tumefundishwa kuona uzuri kwenye vitu fulani. Tingatinga mwenyewe, Edward Saidi, alizaliwa Tunduru kusini huko huko, alichukua rangi za kawaida za duka na hadibodi za mraba, akachora wanyama na watu kwa namna yake mpaka kifo chake 1972, na soko lote la wachoraji wa Dar likamfuata. Yeye hakusubiri mtu amwambie kipi ni kizuri. TAZARA bado haijapata wa kwake. Ina kila kitu, ina milima, ina wauzaji dirishani, ina watu waliolala juu ya magunia, na taa ya kichwa inapochomoza handakini usiku ni kitu ambacho rangi inaweza.

#37 Msafwa Halisi
Sasa chora wewe.

#38 Mpiga Brashi Mafinga
Nachora. Nileteeni picha za DFH2 za mwanzo, nataka uso wake na rangi yake halisi, sitaki kubuni.

#39 Bibi Kihesa
Mwanangu Mpiga Brashi ukichora Mpanga usisahau watu. Vijana wetu waliijenga ile reli pamoja na Wachina, wengine hawakurudi. Pale Gongo la Mboto Dar kuna makaburi ya Wachina waliofia kazi hiyo, nimewahi kupelekwa nikaona mistari ile. Na wetu pia walikufa. Mchoro wa daraja bila watu mimi ukutani kwangu siuweki.

#40 Dada wa Makambako
Bibi ❤️

#41 Mwalimu Tosamaganga
Naunga mkono. Na iwe na kuku mahali.

#42 Kijana wa Sokomatola
Wakuu nina jipya. Mwenye gesti amesoma uzi huu (nilimtumia), leo asubuhi amekubali tushushe mchoro tuangalie nyuma. Fremu imefunguliwa na fundi wa mtaani taratibu kwasababu misumari imeshika kutu. Nyuma ya hadibodi hakuna jina wala tarehe. Kuna mchoro mwingine wa penseli!! Ni kichwa cha treni, hicho cha nyuma ni cha bapa mbele, madirisha mawili juu, taa moja, hakina bomba wala fito. Kimechorwa nusu, upande wa kushoto umeishia njiani. Na chini yake mistari ya reli na vipande vya mataruma vimenyooka pembe nne pembe nne.

#43 Mzee wa Mataruma
Hiyo ni dizeli. Na mataruma yaliyonyooka pembe nne hivyo ni ya zege.

#44 Msafwa Halisi
Haya sasa 😳😳

#45 Mpiga Brashi Mafinga
Nimewaambia. Alianza na dizeli ya TAZARA, mteja akasema sio hii nataka ya moshi, akageuza ubao. Hadibodi ni ghali huwezi kutupa.

#46 Fundi Cherehani Mwanjelwa
Au kinyume chake. Mvuke wa Tabora ndio wa kwanza, akahamia Mbeya akaona ya Mchina akajaribu nyuma akaishia njiani.

#47 Mpakani Tunduma
Au ni wachoraji wawili tofauti. Penseli ya mtoto wa mwenye nyumba inaweza.

#48 Mnyaki wa Tukuyu
Kwenye penseli hakuna kibao cha jina?

#49 Kijana wa Sokomatola
Hakuna kibao. Mpakani, mkono ni wa mtu mzima, mistari imepigwa kwa rula halafu imefutwa ikarudiwa, na kivuli chini ya kichwa kimekaa sawa sawa na cha upande wa mbele, mwanga unatoka kulia yote miwili.

#50 Mpiga Brashi Mafinga
Kijana tafadhali kabla hawajaupigilia fremu, nipigie picha ya huo upande wa penseli. Simama sawa na katikati ya ubao, usiinamishe simu, zima taa ya juu fungua mlango mwanga uingie kwa pembeni ndio penseli inaonekana. Weka na rula au kitambaa cha fundi Cherehani chenye vipimo pembeni nijue ukubwa. Nitaanzia pale alipoishia yeye.

#51 Kijana wa Sokomatola
Fundi wa fremu anarudi saa kumi. Naenda sasa hivi.

#52 Fundi Cherehani Mwanjelwa
Pitia kwangu Mwanjelwa uchukue futikamba, niko hapa mpaka jioni.